Penseli ya Mchora Ramani

Katika ofisi ya ardhi, mzee mchora ramani huchora barabara na mipaka kwa wino, ila mto huuchora kwa penseli. Kila mafuriko yakipita hufuta mkondo wa zamani, hupuliza chengachenga za ufutio kama anayepoza chai, kisha huuchora mto pale ulipohamia. "Barabara ina adabu," hunung'unika. "Huyu hana kwao." Jana alikuja mjane ambaye shamba lake lote limemezwa na maji. Mzee akaupitisha mto juu ya shamba, bila kuficha kitu. "Basi futa na mipaka yangu," mjane akasema, macho chini. Mzee akautia ufutio mfukoni. "Mto ni mgeni tu, mama. Mwenyeji ni wewe."