Mlango wa Nyumba ya Mama

Siyo kwamba nilishindwa kuumaliza huo ukuta. Nawaona mnavyoutazama, mtaniuliza tu. Nyumba hiyo niliyoichora haina mlango kwa sababu ya dada yangu.

Miaka ile wanunuzi binafsi wa pamba walipoanza kumwagika hapa Bariadi, kila mmoja na mzani wake na mdomo wake, mimi nilikuwa nachora kuta za nyumba yangu. Udongo mweupe, udongo mwekundu, masizi ya sufuria. Nikienda mahali narudi na udongo wake kwenye khanga, napachora. Pale ni Kasoli, pamba imelundikwa. Huku ni Lamadi, akina mama wanaanika dagaa. Ukuta wa mwisho nikaweka nyumba ya mama, Malampaka tulikozaliwa. Mama alishafariki na nyumba ilishabomoka. Nilitaka niamke niione.

Dada yangu mkubwa akaja, akashika kiuno. Yule anaongea kama ana punje ya karanga puani: "Mlango ulitazama reli. Wewe umeutazamisha zizini. Ukiacha uongo huo ukutani, mimi kwako siji tena."

Na huyo akisema haji, haji. Kwa wifi yetu, mjane wa marehemu kaka, hajakanyaga mpaka leo, ugomvi wenyewe wa kuku. Nami ndugu mwingine sina. Nikaukwangua mlango kwa kisu, nikamwambia twende tukapaone.

Tukapanda lori la mnunuzi mmoja, tukakaa juu ya marobota ya pamba yanayopelekwa kituo cha treni cha Malampaka. Dereva, sauti kama gunia linaburutwa: "Mabibi, shikeni kamba. Mkidondoka sigeuzi."

Dada akamjibu, "Endesha, baba. Sisi tulianza kudondoka hujazaliwa."

Kufika, kiwanja chetu kimejengwa ghala la pamba. Mlinzi akatoka, ananong'ona kama yuko kanisani: "Akina mama, hapa ni ofisi."

"Mwanangu," nikamwambia, "hapo uliposimama ni jikoni kwetu."

Akasogea.

Nikaokota mkaa, nikaichora nyumba kwenye ukuta wa ghala. Dada naye akaokota wake. Mimi naweka mlango huku, yeye anafuta kwa kiganja, anaweka kule. Tulikubaliana jambo moja tu: ndama walifungwa ndani, kushoto, na mkojo wao ulitufikia miguuni tukilala. Mlinzi kaacha kutufukuza, anacheka kashika nguzo ya geti.

Ndipo akaja sengi yetu, shangazi wa upande wa baba, mzee kabisa, aliyebaki kijijini peke yake. Kelele zetu ndizo zilizomtoa nyumbani. Tukapiga magoti kumwamkia, "Mwadila, sengi." Dada akamvuta mkono mpaka kwenye picha. "Sengi, waambie watu. Mlango wa mama ulitazama reli."

"Zizini," nikasema mimi.

Sengi akasogeza uso karibu, akanusa kabisa kama anayekagua maziwa. Dada kakunja ngumi. Mimi sijui niombe lipi, maana dada akinishinda atanisema mpaka kaburini, na akishindwa ndiyo basi, simwoni tena.

"Hiyo ni nyumba ya bibi yenu," sengi akasema. "Wasichana mlilala kwa bibi, pamoja na ndama. Kwa mama yenu alilala baba yenu. Ninyi mlikuwa mnaingia kuchukua ugali, mnafukuzwa."

Basi huo mlango niliokwangua sijaurudisha mpaka leo.