Chupa Mia Nne za Mgomba Mmoja

Katika maabara ya miche kila mtu alimwita Shangazi Kisu. Kwa miaka kumi na tisa kazi yake ilikuwa kuchukua chipukizi la mgomba, kulimenya ganda baada ya ganda hadi abaki na moyo wake, kitu kidogo kama punje ya mchele, kisha kuuweka ndani ya chupa yenye chakula cha mimea kilichoganda kama jeli. Punje ile ilitoa machipukizi, naye akayatenga, kila moja na chupa yake, yakachipua tena. Hapakuwa na mbegu wala baba. Kila mche ulikuwa mama yule yule.

"Ukoo mzima sura moja," dereva wa maabara alimtania. "Wakigombana, nani atajua nani kampiga nani?"

Shangazi Kisu alicheka, halafu akamkumbusha kwamba ugonjwa unaoweza kumuua mmoja utawamaliza wote. Tena ukoo mmoja ukitengwa zaidi ya mara nane, baadhi ya migomba hudumaa na mingine haizai. Ndiyo maana kila trei ilibandikwa namba.

Alhamisi moja alikuwa akipanga chupa mia nne za kuwapelekea wakulima kesho yake. Alipolinganisha namba na daftari lake, aliona kosa. Trei iliyozaa chupa zote hizo ilikuwa imekwisha kutengwa mara nane, lakini yeye mwenyewe aliirudisha kwenye rafu ya miche iliyotengwa mara sita, ikatengwa mara mbili zaidi, jumla kumi. Kwa macho, huwezi kuitofautisha miche hiyo na mingine.

Alikwenda moja kwa moja kwa mkuu wa maabara, binti ambaye Shangazi ndiye aliyemfundisha kushika kisu, akamweleza yote. Wakulima walikuwa wamesubiri miezi mitano, na pengine miche mingi ilikuwa mizima.

"Shangazi, nani atajua?"

"Mkulima atajua, mwakani, akisimama kwenye migomba isiyozaa. Ila hatajua kwa nini."

"Na jina lako je? Miaka yote hii."

"Jina langu halizai ndizi, mwanangu."

Mkuu akainua simu, akaanza kuwaomba wakulima radhi mmoja mmoja. Shangazi Kisu alibeba trei zote hadi kwenye chombo cha mvuke cha kuulia vijidudu, akaiua miche ya chupa zote mia nne, kisha akaenda bustanini kuchimba chipukizi jipya. Aliporudi alimkuta mkuu amevaa koti jeupe, mikono imo ndani ya povu, anaosha chupa.