Hotuba Saba kwa Muzee Kasereka

Niliondoka Bukavu Jumamosi kwa sababu mji wa Goma ulikuwa umeamua, hatimaye, kumheshimu Muzee Kasereka, mpiga gitaa na mtunzi wa jazz ambaye nimemfuata kwa miaka ishirini. Muziki sikuusomea shuleni. Noti nilijifunza kwenye vitabu vya mitumba, kisha nikanakili tungo zake kutoka kwenye kaseti. Kamati ya sherehe iliniomba nisome historia yake. Siku mbili kabla, Muzee mwenyewe alinipigia simu.

"Nimetunga ya mupya," alisema. "Dakika kumi na mbili. Vidole viwili vya kushoto vimeanza kukauka, kwa hiyo nataka watu wa Goma waisikie sasa. Kisha nitaweka gitaa chini."

Saa moja na nusu asubuhi boti iliondoka. Ziwani nilipitia kurasa zangu tisa. Humo mlikuwa na yote: jinsi alivyotengeneza redio mtaani Birere akiwa kijana, akinasa jazz kwenye stesheni za mbali, jinsi alivyong'oa uzi wa nne wa gitaa na kuweka mwembamba mahali pake, mpaka gitaa moja likasikika kama mawili, jinsi viongozi wa bendi walivyomfukuza mmoja baada ya mwingine, kwa kuwa tungo zake zilihesabiwa kwa mapigo matano badala ya manne, na wachezaji walikosea hatua. Tungo hizo hazina maneno. Maisha yake yote watu wamemwuliza maneno yako wapi.

Karibu na saa tano nilishuka bandarini Goma, nikapanda moto, pikipiki ya abiria, hadi ukumbini, mtaa wa Mapendo. Mwenyekiti wa kamati, Mama Furaha, alinipokea.

"Karibu, profesa."

Mimi si profesa. Sikumsahihisha.

"Tunaanza saa nane juste," akasema. "Saa kumi na moja kuna arusi humu."

Saa nane watu kama mia mbili walikuwa wameketi. Muzee aliwekwa mbele, kwenye kochi jeupe la maarusi, gitaa magotini. Tukamsubiri mgeni rasmi. Saa tisa na nusu akaja makamu wake, ndipo hotuba zikaanza. Mwalimu mkuu mmoja alimsifu baba yake mwenyewe. Mfanyabiashara alilaumu mavazi ya vijana. Mwingine alimwita Muzee "maktaba yetu", akamwomba asimame apigiwe makofi. Alisimama, akaketi. Watu sita walisema, na hakuna hata mmoja aliyetaja utungo wake. Nilikuwa nawaka.

Saa kumi na nusu ilifika zamu yangu, ya mwisho kabla ya muziki. Mama Furaha alininong'oneza, "Profesa, fupisha kidogo. Watu wa arusi wako ku mulango."

Hesabu niliijua. Kurasa mbili zingetosha, na Muzee angebaki na muda wake kamili. Lakini nilikuwa na hasira, nikajiambia kwamba lazima mtu mmoja aseme ukweli mbele ya hawa. Nikasoma zote tisa. Nilieleza uzi wa nne. Nilieleza hesabu ya tano. Kwenye ukurasa wa saba mwanamke mmoja akasema kutoka nyuma, "Papa, tumesikia. Achia muzee apige, ama na weye uko naoa leo?"

Watu wakacheka. Nikainua sauti.

Nilimaliza saa kumi na moja kasoro dakika tatu. Muzee alichomeka waya, akapiga noti chache, polepole, vidole vikitafuta njia. Kando yake watu wa arusi walianza kujaribu spika zao, wakihesabu kwa Kifaransa: un, deux, un, deux. Mpambaji aliinama mbele yake.

"Pole, muzee. Kochi ni ya maarusi."

Muzee alichomoa waya. Walimpa diploma kwenye fremu, akatoka nayo kwapani.

Jumapili asubuhi nilikwenda nyumbani kwake Katoyi na karatasi zangu. Alinimiminia chai kwa mkono wa kulia. Wa kushoto ulilala pajani.

"Ulisoma muzuri," alisema.

"Muzee, nipigie ile. Nitaiandika, haitapotea."

"Ile niliitungia watu wa Goma. Weye uko mutu moja, tena wa Bukavu."

"Walau mwanzo wake."

"Mwanzo ulisikia jana." Akanisogezea sukari. "Kunywa, boti itakuacha."

Saa saba nilikuwa ziwani tena. Wale sita bado nina hasira nao, lakini wao hawakujua walichokuwa wanakizuia. Mimi nilijua mpaka dakika.

Jumatatu kamati iliniandikia ikiomba nakala ya hotuba yangu, wanataka kuichapa. Nimewatumia masimulizi haya badala yake. Nimejifunza kwamba mwanamuziki akiheshimiwa, apige kwanza, saa ileile iliyotajwa, na wenye karatasi wasubiri, hata kama hawatapata nafasi. Noti za utungo ule ninazo ishirini na mbili. Kilichofuata baada ya hizo sikijui, na mtu anayekijua amekwisha kuweka gitaa chini.