Sala Ambayo Binti Yake Hakuijua

Nilipofika Durban kutoka Tanga, kazi yangu ya kwanza ilikuwa kumtunza bibi mmoja wa Kihindi katika fleti ya mtaa wa Berea. Nilimwita Ba, yaani mama kwa Kigujarati, kama wanawe walivyomwita. Alizaliwa Mombasa akaolewa huku, na Kiswahili chake kilikuwa kizima bado. Dini yake ilikuwa ya Kijaini, dini ya kale ya India: hali nyama wala kitunguu, na jua likishazama hatii kitu mdomoni.

Kila asubuhi alisali kwa sauti. Siku moja nilimuuliza kama sala zake zimo kitabuni.

"Hizi zimo," alisema. "Zile za zamani kabisa hazimo. Watawa walizihifadhi kichwani. Ikaja njaa ya miaka mingi, wakafa nazo."

"Zote?"

"Waliobaki walikumbuka vipande. Halafu nao wakafa."

Akaniomba chai.

Msimu wa mvua ulipoanza, akili ikaanza kumtoka. Alisahau jina langu, kisha la binti yake. Sala ya asubuhi nayo ikawa inakatika katikati.

Alasiri moja nilikuwa nampaka mafuta miguuni, akaanza kusoma kitu nisichowahi kukisikia. Sauti ilikuwa yake, lakini pumzi haikuwa yake. Yeye aliyehema kwa kwenda chooni tu, sasa alisoma mfululizo, bila kusita, macho yakiwa ukutani. Miguu yake ilipoa mikononi mwangu. Nilitaka kuiachia, nikashindwa.

Binti yake akaingia kutoka kazini, akasimama mlangoni na mkoba begani.

"Anasoma nini?" nilimuuliza.

"Sijui. Si Kigujarati, wala si sala yetu yoyote."

Alimpigia simu mzee wa hekalu lao, akawasha spika, akaishika simu karibu na mdomo wa mama yake. Mzee alisikiliza. Kisha akauliza, taratibu, "Nani amemfundisha?"

Ba akanyamaza. Akanigeukia.

"Imekwisha," alisema kwa Kiswahili.

Hakusali tena, hata ile sala ya asubuhi. Alifariki kabla ya baridi. Mzee alikuja msibani, akaniuliza kama nimeshika hata neno moja la sala ile. Nilimwambia ukweli, kwamba sikushika.

Siku hizi niko Isipingo, kusini mwa Durban, nauza vitambaa pamoja na dada mmoja Mrundi. Mara nyingine, nikiwa nakunja vitambaa, huniuliza, "Unasema nini, dada?"

Nikitega sikio nijisikilize, midomo yangu inakuwa imeshatulia.