X Maana Yake Watarudi

Watu wa kupaka rangi walipokuja nilikuwa nyumbani, kwa sababu siku hizo karibu kila asubuhi nilikuwa nyumbani. Nilikuwa nimemaliza chuo kikuu. Nilisomea mipango ya miji na maendeleo, na hapa Kisangani hakuna aliyekuwa akinisubiri nimalize.

Niliishi Mangobo kwa mama mkubwa, dada ya mama yangu. Alikuja mjini kutoka Isangi akiwa msichana, akauza samaki wa moshi mpaka akajenga nyumba ya vyumba viwili. Nyuma ya nyumba alikuwa amepanga matofali ya kuchoma kwa ajili ya chumba cha tatu. Binti yake alikuwa ameachwa na mume na alitaka kurudi na watoto wake. Chumba kilikuwa chao. Matofali yalikuwa yameanza kuota ukijani upande wa chini.

Watu wa rangi walikuwa watatu, wamevaa vizibao vya rangi ya chungwa. Mmoja alibeba kopo, mwingine brashi, na mkubwa wao alishika karatasi iliyokunjwa. Walipita upande wa pili wa barabara wakichora X nyekundu ukutani, nyumba baada ya nyumba. Upande wetu hawakuutazama.

Kwetu, alama ukutani si jambo la kushtua. Watu wa chanjo huja na chaki. Wakiwakuta watoto wote huandika alama moja, wasipokuta mtu huandika X. X maana yake watarudi. Wagawaji wa vyandarua nao hufanya vilevile. Katika mtaa wetu hakuna anayeogopa kuandikiwa. Tunaogopa kupitwa, maana aliyepitwa ndiye hulala na mbu.

Mama mkubwa alikuwa anatwanga ndizi za lituma, mabonge yetu ya ndizi. Alitoka hadi barabarani, mchi bado mkononi.

"Na sisi? Munatupita juu ya nini?"

Mkubwa wao alitazama karatasi. "Mama, yenu haiko."

"Haiko namna gani? Hii nyumba unaiona ao hauione?"

"Ninaiona."

"Bon. Andika."

Nilimsogelea nikamwambia kwa sauti ya chini kwamba hao si watu wa vyandarua. "Mama mukubwa, batu ya chanjo banaandika na chaki. Hii iko rangi ya mafuta."

"Alors, bameendelea," akasema.

Mwenye duka la kona, mfanyabiashara aliyetoka Kivu, alikuwa amesimama mbele ya X yake mpya, ameridhika. "Profesa," akaniambia, "wewe hata mvua ikinyesha utauliza nani aliituma."

Watu walicheka. Hawakuwa wamenionea. Niliwahi kuuliza kuhusu kisima, kuhusu sadaka ya parokia, hata kuhusu vyandarua vyenyewe. Mtu anayetilia shaka kila kitu hana njia ya kuonyesha kwamba leo shaka yake ni nyingine.

Nikamuuliza mkubwa wao alama ile ilikuwa ya nini.

"Ya projet."

"Projet gani?"

"Ya kuendeleza mtaa."

"Umesikia?" mama mkubwa akanigeukia. "Donc ni ya maendeleo. Papa, toka mu njia, baandike." Huniita papa kwa sababu nina jina la baba yake.

Jua lilikuwa kali na yule mtu alionekana amechoka kubishana na wanawake tangu asubuhi. Alimwashiria mwenye brashi. X ilichorwa kando ya mlango wetu, kubwa, rangi ikichuruzika hadi chini. Mama mkubwa alishukuru, akarudi kwenye kinu.

Baadaye kiongozi wa mtaa alipita akitueleza. Barabara itapanuliwa, itachimbwa mifereji ya maji pande mbili, na nyumba zenye X zitavunjwa. Lini, hakuambiwa. Watahamia wapi wenye nyumba, hilo lilikuwa bado linafikiriwa. Nilidhani nitakasirika, au nitajiona mshindi kidogo. Niliingia ndani nikala pondu iliyobaki, kisamvu cha mchana. Mama mkubwa alikaa kizingitini akitazama matofali yake. Jioni alimpigia simu binti yake akamwambia angoje kwanza.

Hakuna kilichotokea. Wiki zilipita na hakuna mashine iliyokuja. Matofali yakawa ya kijani hadi katikati. Watu waliacha kukarabati mapaa, kwa kuwa hakuna anayeezeka nyumba itakayobomolewa, na mvua iliingia ndani mwao kama kawaida. Nilijiuliza kama hayo tayari yalikuwa ndiyo matokeo ya mradi, mengine yakiwa maelezo tu. Sikuwa na hasira hata hapo. Nilipanda toleka, baiskeli ya abiria, nikaenda ofisi ya mradi.

Mtu wa ramani alinipokea vizuri. Alikuwa wa umri wangu. Alitandaza ramani mezani akanionyesha mstari wa barabara mpya, na nilipoitafuta nyumba yetu niliikuta nje ya mstari, kwa kuwa barabara ilipanuliwa upande wa pili tu. Katika masomo yetu mji ulionekana hivyohivyo, kutoka juu, bila mtu anayetwanga.

"Kwa hiyo haivunjwi," nikasema.

"Mu ramani, haivunjwi. Lakini ku ukuta iko na alama. Dereva wa mashine hatakuwa na ramani, ataangalia ukuta."

"Basi mutume mutu aifute."

Alifikiri kwa uaminifu. "Sisi tuko na kazi ya kuandika. Kazi ya kufuta haiko mu projet."

Niliporudi, mama mkubwa alikuwa akinisubiri, ingawa alijifanya anachambua pondu. Nilimweleza yote.

"Kumbe haikukuwa mu karatasi," akasema. "Ni mimi nilisema baandike."

"Brashi ilikuwa yabo."

"Lakini mudomo ulikuwa yangu."

Nilimwambia ningetafuta petroli na kitambaa niisugue usiku huohuo. Alitikisa kichwa kabla sijamaliza.

"Ukifuta yetu peke yake, jirani batasema nini? Batasema: mutoto wake alisoma, alienda ku bureau, akarudi akaponyesha yabo. Na sisi?"

Nilitaka kumwambia kwamba hayo hayakuwa na mantiki, kwamba nyumba moja iliyosalimika haiwadhuru wengine. Lakini nilikuwa nimewaona majirani wakiniangalia kila nilipotoka nimevaa shati safi. Niliacha.

Binti yake alichoka kungoja. Alikuja na watoto na godoro, wakalala sebuleni, mimi nikahamia kwenye mkeka jikoni. Baada ya siku chache mama mkubwa aliita fundi. Walikwangua ukijani kwenye matofali, wakajenga chumba cha tatu kama alivyokusudia tangu mwanzo. Saruji ilibaki kidogo, akamwambia fundi aupige lipu ukuta wa mbele.

Fundi alipofika kando ya mlango alisimama. "Mama, na hii?"

"Iache. Pita pembeni."

Akapita pembeni. Nyumba yetu sasa ina lipu safi ya kijivu, na kando ya mlango kuna mraba wa ukuta wa zamani wenye X ndani yake. Mwenye duka alikuja kuitazama.

"Mama, umeitilia cadre kama picha ya harusi."

"Bakirudi, baikute," mama mkubwa akasema. "Na banikute nilijenga."

Mimi sijui kama huo ni ujasiri au ni kutojali. Nimejiuliza, kama ninavyojiuliza kila kitu, na nimelala vizuri bila jibu.

Msimu uliofuata watu wa chanjo walipita watoto wakiwa sokoni na mama yao. Waliandika X ya chaki mlangoni, karibu na ile nyekundu.

Hao walirudi kesho yake.