Kipatanisho na zamu ya maji

Kifaa kilichojadiliwa kwa saa nzima kwenye kikao cha maji cha bonde letu hakipo duniani. Nilikuwepo, nikiwa na daftari langu, na niliandika maswali yote. La kwanza lilikuwa: kinatunzwa kwa nani?

Kinaitwa kipatanisho. Alikibuni mama yangu mdogo, fundi cherehani wa hapa kwetu chini ya barabara ya Gare, kwa ajili ya hadithi aliyoanza kuiandika mwaka huu. Kuna nchi iliyo juu ya mawingu, ambako jua, upepo, ukungu na maji kila kimoja kina nguvu yake, na kila nguvu ina sauti yake. Sauti zikigombana, viazi huota vichwa chini na kuku hutaga mawe. Hapo ndipo kinapohitajika kipatanisho, kibuyu chenye nyuzi nne na pete ya shaba. Unazungusha pete taratibu, sikio likiwa karibu, mpaka nyuzi zote ziimbe pamoja. Pete ikielekea upande wa nguvu fulani, nguvu hiyo hutiririka. Ikiondoka, hupumzika.

Alikuwa akitusomea mtoni, siku za kuosha karoti. Tunakuwa wanawake kama kumi, miguu majini, mikono imekufa ganzi kwa baridi, tukikimbizana na lori linalopakia alasiri. Mama mdogo hukaa juu ya kreti lililopinduliwa na kusoma kwa sauti ya kushindana na maji. Siku ya kuku wanaotaga mawe, jirani yetu mmoja alisema, "Huyo kuku ni ndugu yake na wa kwangu, ila wa kwangu hata hilo jiwe hatoi." Tulicheka mpaka tenga zima la karoti likachukuliwa na maji, tukalifukuza huku tumekunja vitenge.

Mwalimu mkuu wa shule ya msingi alipata habari. Akamwambia mama mdogo kwamba hadithi ikikamilika kabla shule hazijafungwa, atawasomea darasa la nne na kuiweka kabatini pamoja na vitabu vingine. Mama mdogo aliishia darasa la saba. Kesho yake alirudi kutoka Lushoto mjini na daftari kubwa la jalada gumu, akaanza kunakili kwa wino.

Sura ya mwisho aliisoma siku ya jua kali. Binti mmoja anakiokota kipatanisho pangoni, anazungusha pete, maji yanafunguka, nchi inatulia.

"Ndiyo imeisha?" akauliza yule jirani.

"Imeisha."

"Huyo binti, msaragambo alitoa lini?"

Msaragambo ni kazi yetu ya pamoja. Kabla ya kiangazi, bonde zima huingia kwenye mfereji na majembe kutoa tope, na asiyefika hapewi zamu ya maji.

"Jamani, hii ni nchi ya mawinguni," akasema mama mdogo.

"Kwani mawinguni hakuna tope?"

"Anaokota kitu pangoni, anajifungulia maji!" akadakia mwingine. "Mwanangu angefanya hivyo ningemchapa."

Habari zilipanda bonde kabla karoti hazijapakiwa. Kwenye kikao cha maji, tulipofika kwenye mengineyo, mzee anayesimamia mfereji alikohoa.

"Fundi, tumesikia kuna maji yanafunguliwa bila utaratibu."

Nilimtazama usoni kuona kama anatania. Sikuona kitu.

Mama mdogo akasimama. "Shikamoo, baba."

"Marahaba. Soma."

Akasoma sura nzima. Kisha maswali yakaanza. Kinatunzwa kwa nani? Pete ikilegea, nani anaikaza? Kibuyu kikipasuka, kuna cha akiba? Na kikitunzwa kwa mtu wa bonde la juu, akauliza mzee wa bonde la chini, "sisi tutamwagilia kabichi kwa ukungu?" Hapo msimamizi mwenyewe alishindwa kujizuia, akacheka mpaka akavua kofia kujifutia machozi.

Alipotulia alisema, "Tamu sana, mwanangu. Lakini watakaosoma ni watoto. Wasije wakadhani maji hufunguliwa na mtu mmoja mwenye bahati."

Mama mdogo akafunga daftari lake. Nilidhani amevunjika moyo. Tulipofika nyumbani alisukuma pembeni sare za shule alizokuwa akishona, akaandika sura nyingine juu ya meza ya cherehani. Nchi nzima inatoka na majembe kusafisha njia za nguvu. Upepo unabeba tope, jua linakausha kingo. Ukungu unachelewa kuamka, unatozwa faini ya jogoo.

Alipoisoma mtoni, walimpigia makofi kwa karoti mbilimbili. Alisimama juu ya kreti, akainama kama mgeni rasmi. Sijawahi kumwona na furaha ya namna ile.

Kisha mama mmoja wa bonde la chini akauliza, "Haya, njia safi. Pete inaanza juu au chini?"

Kwetu swali hilo huamuliwa upya kila kiangazi, kwa kelele nyingi. Watu wa juu husema maji yanawafikia wao kwanza. Wa chini husema aliye mbali ndiye mwenye kiu zaidi.

"Chini," akajibu mama mdogo. Wa juu wakaacha kuosha karoti.

"Basi, juu." Wa chini wakammwagia maji, naye akacheka mpaka kreti likateleza chini yake.

Shule zinafungwa Ijumaa na leo ni Jumatano. Daftari la jalada gumu limejaa wino mpaka ukurasa wa mwisho, isipokuwa mstari mmoja, ule wa pete inaanzia wapi, ambao ameuandika kwa penseli na kuufuta mara tatu. Nilipochungulia asubuhi hii, palikuwa peupe.