Usingizi wa Mabuu ya Mikumi

Mwanne alitunza vitabu katika chumba kidogo cha kusomea mjini Kilosa, na hakumwamini mtu. Zamani msomaji mmoja alikata kurasa kwa wembe, barua ya onyo akaandikiwa Mwanne. Tangu hapo kila aliyeingia alimtazama mikono kabla ya uso.

Basi Herman alipoanza kuja kila Jumanne kutoka Mikumi, Mwanne alimshuku papo hapo. Wakili huomba vitabu vya hukumu. Mhasibu huomba sheria za kodi. Huyu, mwenye pumba za mahindi hadi kwenye nyusi, aliomba vyote viwili, na juu yake kitabu kinene cha usingizi wa wadudu ambacho hakuna aliyekigusa miaka tisa.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba. Mikono iwe mezani, niione."

Wiki ya nne alimkuta anakipiga kitabu picha kwa simu. Akakinyakua. "Nani amekutuma?"

"Nimejituma mwenyewe, mama. Nina kesi."

Mahindi yake yalikuwa yameliwa yote na wadudu katika ghala alilopanga Mikumi. Kama hiyo haitoshi, mwenye ghala akamshtaki kwamba ndiye aliyeleta wadudu, eti jengo ni jipya, halijawahi kupangishwa. Kumbe kitabu kinasema mabuu ya wadudu hao huweza kulala nyufani miaka bila kula. Sheria ya kodi ilimwonyesha karatasi za kutafuta, yaani stakabadhi za kodi ya pango, ili athibitishe kulikuwa na mpangaji kabla yake. Hukumu za zamani zingempa la kumwambia hakimu.

"Uongo uliopangwa vizuri hauna mshono," alisema Mwanne.

Hata hivyo, Jumamosi alipanda basi hadi Mikumi bila kumwarifu, akamkuta, akataka kuliona hilo ghala. Funguo Herman alikuwa nazo bado. Mwanne akachomoa pini ya ushungi, akachokonoa ufa nyuma ya mlango. Rangi nyeupe ikameguka; chini yake kulikuwa na nyingine, ya kijani, iliyochakaa. Kisha vikamdondokea kiganjani vijidudu vya kahawia, vyenye manyoya, vikavu kama makapi. Alitaka kuvipuliza. Kimoja kikajikunja. Kikafuata kingine.

"Jengo jipya!" alifoka. "Mtu mzima, hana haya!"

Siku ya kesi hakumwazima Herman kitabu. Alikipeleka mwenyewe mahakamani Mikumi, kimefungwa kwenye khanga, akakaa nyuma yake. Herman alisoma ukurasa ule, akatoa stakabadhi ya kodi ya pango aliyopewa na mpangaji wa zamani. Hakimu akayatupilia mbali madai ya mwenye ghala.

Mahindi hayakurudi, lakini Herman alitoka nje akicheka peke yake. Mwanne hakucheka. Ng'ambo ya barabara mwenye ghala alikuwa akizungumza na vijana wawili, akinyoosha kidole upande wao.

"Panda basi," akamwambia Herman, akimshika mkono. "Leo utalala Kilosa, kwa kaka yangu. Uso wa yule baba siupendi."